Sabili ya Mama Kisiwani

Jumapili, 11 Mei

Nimekizunguka kisiwa kabla ya chai. Dakika arubaini na tatu, pamoja na kusimama kuvuta pumzi. Jana arubaini na tano. Ama miguu imezoea, ama saa yangu inanibembeleza.

Siku ya sita. Ramani inakwenda vizuri. Kisiwa kimekaa kama kandambili iliyokanyagwa na gari: kirefu, chembamba katikati, kisigino kimeelekea mji wa Sur. Kisiginoni mawe ya chokaa, bahari imeyala kwa chini mpaka yamebaki kama meza. Vidoleni mchanga mtupu. Kati kuna kibwawa cha chumvi, maji yakikauka linabaki ganda jeupe, ukilikanyaga linavunjika. Mti hakuna hata mmoja. Vichaka vya majani manene, havifiki gotini. Kilima kimoja, na juu yake ndipo simu inaposhika. Maji matamu hakuna, ila yetu.

Yetu khasa ni sabili ya mama, maji ya sadaka kwa ajili yake marehemu. Tangi jeupe la plastiki juu ya matofali, na chini yake hodhi ya saruji inayojaa yenyewe kwa koki yenye boya. Niliijenga mwaka jana na Mbarak, mwenye boti. Yeye hulijaza tangi kila akipita. Wavuvi wakishuka kushona nyavu wanakunywa, wanamwombea mama rehema, na ndege nao wanapata. Kule kwetu Ibra kila ukuta wa msikiti una sabili ya maiti wa mtu. Ukiongeza yako, nani ataiona? Nikatafuta pahala ambapo haipo hata moja. Nafurahi kila nikilitazama lile tangi. Nimelitia kwenye ramani kabla ya kilima.

Kazi yangu rasmi hapa ni kuwa mjomba. Rahma, mtoto wa dada yangu Zuwena, ni msomi wa ndege, na ofisi yake ya Maskati imemtuma kuhesabu wanaotaga. Dada akasema mtoto wa kike halali kisiwani peke yake, awe daktari awe waziri. Basi nimeletwa mimi, mwalimu wa jiografia mstaafu, niwe maharimu wake. Napika, nachora, nalala. Sina malalamiko.

Jumatatu, 12 Mei

Leo nusura nikanyage kiota. Rahma alinipigia kelele kwa lugha tatu.

Lakini kiota chenyewe si kitu. Buabua hajengi. Anakaa mchangani, anajizungusha tumbo, kishimo kimekuwa, anataga humo mayai mawili yenye rangi ya mchanga ule ule. Ndege mwenyewe mdogo, mweupe, kofia nyeusi, mwembamba kama mkasi. Ukimkaribia anakushukia kichwani na kukunyea. Kanzu yangu imeshapata mara tatu.

Rahma amehesabu viota sitini na kimoja. Vingi vimeshaangua. Vifaranga wana manyoya kama pamba iliyoangukia vumbi, wakisikia hatua wanalala kifudifudi wasionekane. "Watoto yangu hizi," anasema Rahma. Zamani ningemsahihisha. Hapa nimeacha. Anawapenda, yatosha.

Furukombe, tai wa samaki, ana kiota juu ya mawe ya kisigino, kikubwa kuliko meza yangu ya skuli. Nimekitazama kwa darubini. Vijiti, kamba ya buluu, ndara moja, kipande cha wavu, na mfuko wa saruji. Mfuko ule ni wangu, wa mwaka jana. Nimecheka peke yangu.

Usiku Rahma hakula sana. Viota tisa pale katikati palipo pembamba havina kitu. Si mayai, si vifaranga. Anasema labda shakwe wamewala.

Jumatano, 14 Mei

Si shakwe.

Rahma ameniita asubuhi nikaone nyayo. Mviringo, vidole vinne, kucha hazionekani. Paka! Nilicheka. Paka wa wapi, kisiwa cha mawe na chumvi? Rahma hakucheka. Viota kumi na vinne sasa.

Mbarak amekuja saa nne na barafu, mikate na ndizi. Nimemuuliza. Akasema paka si ajabu, boti zote zina paka kwa ajili ya panya. Mara nyingine mmoja anaruka hapa, anaachwa. Lakini zamani siku mbili tu ukipita unamkuta ufukweni analia arudishwe, ulimi nje, kwa sababu hana cha kunywa. Neno lile "zamani" lilimponyoka. Akajishughulisha na kamba zake.

Rahma alitazama upande wa tangi. Kisha akatazama daftari lake. Mimi nikajifanya sijaona.

Mbarak ameahidi kuleta dema la waya, lile la kuvulia samaki, alitie mlango wa kuanguka.

Ijumaa, 16 Mei

Sitaki kuandika, lakini nitaandika.

Paka tumemwona. Jike, wa madoadoa, tumbo limejaa. Anaishi chini ya tangi, ndani ya kivuli cha matofali niliyoyapanga mimi mwenyewe kwa mkono wangu. Ana watoto wanne, macho ndiyo kwanza yanafumbuka. Mbele yao mabawa madogo na miguu, mingi. Sikuhesabu.

Rahma alichuchumaa, akatazama, akanigeukia na kusema polepole, "Mjomba, buabua hanywi maji haya. Anayekunywa ni paka."

Akanieleza. Maji yao wanayapata ndani ya samaki. Chumvi inawatoka puani, matone matone. Ndivyo walivyoumbwa, wamekaa hapa miaka yote kwa sababu hapana maji matamu, na asiyeweza kuishi bila ya maji hakuja. Nimefundisha jiografia miaka thalathini na mmoja na hili sikulijua.

Nikakasirika. Nilimwambia haya maji ni ya bibi yako, si ya kusemwa hivyo. Nikasema mengine pia. Rahma akaingia hemani kwake.

Adhuhuri tuliswali pamoja, mimi mbele yeye nyuma. Nimepika wali wa nazi kwa kopo la nazi nililoliweka akiba. Amekula wote. Sijamwomba radhi kwa maneno, lakini nadhani amefahamu.

Mbarak ameleta dema. Tumetia kipande cha jodari ndani.

Jumamosi, 17 Mei

Jodari hakuguswa. Na kwa nini amguse? Ana kuku wabichi kila upande.

Viota thalathini na sita vimebaki na kitu. Rahma anasema ikiendelea hivi, mwezi ukiisha hapatakuwa na kifaranga hata mmoja, na mwakani buabua hawatarudi. Ndege hukumbuka pahala pabaya. Amesema bila ya kunitazama. Tutaondoka mwisho wa mwezi, kabla ya Idi.

Ana fikra yake. Tufunge maji. Tukaushe hodhi. Kisha bakuli moja la maji liwekwe ndani ya dema, na mahala pengine popote pasiwe na tone. Chakula anacho, kiu hana dawa nayo. Ananyonyesha, hatavumilia zaidi ya siku moja, mbili.

Ni kweli. Na siwezi. Kila aliyekaa chuoni kusoma Kurani amesimuliwa habari ya mwanamke aliyemfungia paka pasi na chakula wala maji, na alikokwenda mwanamke huyo, Motoni. Nilipigwa bakora nilipokuwa na miaka sita kwa kumfungia paka wa jirani ndani ya kapu. Na zaidi ya hayo, koki ile niliifungua mwenyewe kwa bismillahi na jina la mama. Leo niifunge?

Mbarak alipopita nilimwambia afunge yeye. Akakataa. "Funga wewe, ustadh. Ni ya mama yako." Lakini alisema paka akinaswa atamchukua kwake, mkewe anapenda paka. Hilo limenipa nguvu kidogo.

Saa saba nimefunga. Hodhi nimeikausha kwa kikombe, kisha kwa kitambaa. Rahma alikaa kando, hakusaidia wala hakunihimiza. Nilishukuru.

Jumapili, 18 Mei

Dema tupu.

Viota bado thalathini na sita. Joto la kuzimu. Hata kaa hawakutoka. Paka alikuja saa nne, akapanda juu ya hodhi, akaramba saruji. Akaramba, akaramba. Kisha akanitazama. Dema liko hatua kumi, bakuli linaonekana, lakini waya anauogopa.

Nilikwenda kupima kisigino ili nisimwone. Nimepima vibaya, itabidi nirudie. Kwenye mapango ya chini nimeona alama za kasa, amepanda usiku, akageuka, akarudi baharini bila ya kutaga. Mchanga haukumpendeza. Wakati mwingine ningeandika ukurasa mzima juu yake.

Alasiri, Rahma yuko vidoleni na darubini yake, nimefanya jambo. Nilitia maji kwenye kifuniko cha chupa ya chai nikakisukuma chini ya matofali. Paka alikunywa mkono wangu ukiwa bado upo. Nikajaza tena. Nikaona raha moyoni, raha kabisa, kama mtu aliyetua mzigo.

Raha ilikaa nusu saa.

Jumatatu, 19 Mei

Dema tupu. Viota thalathini na kimoja.

Vitano kwa siku moja. Vifaranga wale nimewaua mimi kwa kifuniko cha chupa.

Rahma alistaajabu paka huyu ana roho gani, hanywi na hachoki. Nina umri wa miaka sitini na nne na nimekaa kimya mbele ya mtoto niliyemfundisha kufunga viatu. Kisha akakiona kifuniko chini ya matofali. Akakitoa. Akakisafisha kwa mchanga, akakirudisha juu ya chupa, akakikaza. Heri angenitukana.

Nikapanda kilimani na simu.

Dada yangu Zuwena nimemwogopa tangu nina miaka mitano. Yeye ndiye aliyenishika mkono tulipoondoka Unguja, na nadhani hajauachia. Nilimwamkia, akaitika marahaba, nikamweleza yote: tangi, paka, vifaranga, koki, mpaka kifuniko. Nilisema naona nimeifanya sadaka ya mama kuwa dhambi.

Akasema, "Mama alikuwa akimpa maji aliyekuja mlangoni kwake. Hawa ndege, nani kati yao aliyekupigia hodi?"

Kutoka kilimani nililitazama tangi.

Akaendelea. Kwamba mimi tangu mdogo nikitoa kitu lazima kiwe pahala ambapo hajatoa mwengine. Kwamba mama angecheka mpaka akae chini. Kwamba ile hodhi ivunjwe na tangi arejeshewe yeye, atajua la kulifanya. Kwamba Rahma ndiye mkubwa wa kazi hapo na miye nimfuate. Kisha akauliza nimekula nini, na kama navaa kofia juani.

Nimeshuka kilimani mwepesi. Nililia kidogo, si kwa huzuni. Nikamwendea Rahma nikamwomba radhi kwa maneno, moja moja, kwa Kiswahili kizuri. Akasema, "Basi, mjomba." Akanipa darubini.

Tumemwaga hata maji ya kuoshea vyombo baharini. Madumu yote ndani ya hema, zipu mpaka chini. Bakuli ndani ya dema. Rahma amelifunika dema kwa gunia ili waya usionekane.

Jumanne, 20 Mei

Amenaswa!

Mlango tumeusikia baada ya swala ya alfajiri. Tulikimbia wote wawili, mimi na magoti yangu. Alikuwa ndani, na hata mlango ulipomwangukia nyuma hakuacha kunywa. Alikunywa mpaka bakuli likalia. Rahma akamtilia jengine kwa kupitisha shingo ya chupa kwenye waya. Akanywa na hilo nusu, akakaa, akaanza kujiramba kama yuko kwao.

Watoto tumewatoa chini ya matofali, tukawatia kwenye kikapu cha tende na taulo langu. Wanne wazima. Mmoja ameniuma, meno kama sindano.

Mbarak kaja saa nne, kawatazama, kacheka mpaka kashika kiuno. Mmoja mwekundu amempa jina langu, eti kwa sababu analalamika sana. Dema zima limepakiwa kwenye boti na kivuli juu yake. Paka alitazama mbele tu. Hakugeuka kutuaga.

Nililala mchana usingizi wa mtoto.

Alhamisi, 22 Mei

Kuvunja hodhi. Astaghfirullah, saruji ile! Mbarak aliikoroga kama anajenga ngome. Nyundo imenitoa malengelenge mawili. Rahma alipokezana nami, ana mkono kuliko mimi. Vipande vyote tumevitia kwenye magunia, kisiwani tusiache hata kokoto isiyokuwa yake.

Tulipokuwa kazini ikaja boti ya wavuvi watatu, wameshuka na madumu yao. Wakaona. Mmoja, mzee mwenye ndevu za hina, alisikitika sana. Alisema tumeondoa thawabu, na kwamba amekunywa hapa tangu majira ya baridi na kila mara alimwombea mwenye maji. Nikamweleza habari ya paka na ndege. Sijui kama alikubali. Tuliwapa maji yetu katika madumu, wakaketi kivulini mwa hema wakala tende na kahawa. Nilimwambia asiache kumwombea mama, hata kama hapa hanywi tena. Akasema hilo halihitaji tangi.

Mzee yule simjui jina, lakini nitalala na maneno yake.

Dada ameshaamua. Tangi litakwenda Samad Ash Shan, kwenye lango la shamba letu, barabarani. Vibarua wa mashamba ya jirani hupita pale kwa miguu saa saba na kugonga lango kuomba maji. Wanagonga kila siku, miaka yote hii, na siye tunawatolea jagi. Haikunijia akilini hata mara moja.

Kwenye ramani nimefuta tangi. Kifutio kimetoboa karatasi. Nimebandika kiraka kwa nyuma.

Jumapili, 25 Mei

Viota thalathini na kimoja, na bado thalathini na kimoja. Siku ya tano hajapotea mtu. Rahma anaimba anapopika. Anapika vibaya, anaimba vibaya, na mimi nimekaa nakula.

Kisigino nimekipima upya. Kumbe kirefu kuliko nilivyodhani, kwa hatua sabini. Chini ya jiwe moja mjusi mweupe kama chaki, ananitazama bila ya kupepesa. Kwenye bwawa la chumvi asubuhi wametua heroe watano, wale ndege wa waridi wenye miguu mirefu, wakashinda, wakaondoka. Ningekuwa skuli ningesema haya kwa wanafunzi arubaini waliolala. Hapa namsimulia mmoja, na hata yeye alikwishawaona.

Alhamisi, 29 Mei

Wanaruka!

Vifaranga wakubwa wameanza jana jioni. Wanakimbia dhidi ya upepo, mabawa wazi, wanainuka shibiri moja, wanaanguka, wanasimama wakijifanya ndivyo walivyokusudia. Leo kumi na wawili wamefika majini na kurudi. Rahma analia na kuandika kwa pamoja, daftari limeloa. Nilimwambia mama yako akiona mwandiko huo atakupiga. Akasema mama yake ndiye aliyemfundisha kulia.

Jumamosi, 31 Mei

Kesho Mbarak anatuchukua. Mizigo imefungwa, imebaki birika na mikeka.

Alasiri tumekwenda pale pembamba. Wote wameruka isipokuwa mmoja, wa kiota cha mwisho, aliyeangua nyuma ya wenzake. Tulikaa mbali, juu ya mchanga. Kifaranga alikimbia, akaanguka, akakimbia tena. Mara ya tatu hakuinuka. Alilala kifudifudi juani, mdomo wazi, kifua kinakwenda mbio.

Mkono wangu ulikwenda wenyewe kwenye chupa ya maji. Nilikwishafungua kifuniko. Rahma aliona. Nikaiweka chupa mapajani, nikakaa.

Tumekaa muda mrefu. Nilimwona yule mdogo akifumba macho na nikaona vibaya sana.

Kisha mama yake akaja kutoka baharini, chini chini, na samaki mdogo anang'aa mdomoni. Akasimama mbele yake. Mdomo ukafunguka, samaki akaingia mzima. Akaenda, akaleta wa pili. Kabla ya magharibi kifaranga kasimama, kakabili upepo, na safari hii hakuanguka.

Yale maji nimeyanywa mimi.